Pimeni kabla hamjabomoa: barua ya wazi kuhusu misikiti na makaburi ya wazee wetu Nyanda za Juu Kusini

Kwa Mkurugenzi wa Manispaa ya Iringa na wakurugenzi wenzake wa Mbeya na Rungwe; kwa masheikh wa mikoa na wilaya; kwa wenyeviti na makatibu wa kamati za misikiti; na kwa maafisa wa Mambo ya Kale mnaosimamia kanda yetu.

Waheshimiwa, Assalaam alaykum. Kwa wenyeji wa Iringa, kamwene. Kwa wa upande wa Tukuyu, ugonile.

Mimi ni mchora ramani. Kazi yangu ni kuchora majengo ambayo bado hayapo: nyumba za watu, frem za maduka, madarasa na misikiti. Kamati ya msikiti ikitaka kupanua huja kwangu na hati ya kiwanja, bajeti isiyotosha, na picha ya msikiti wa Istanbul waliyoitoa kwenye simu. Sina neno na picha ya Istanbul. Waumini wameongezeka, watu wanaswali juani siku ya Ijumaa, na wanaotoa sadaka wanataka kuona kubba na mnara. Neno langu ni juu ya kile ninachokikuta kiwanjani siku ninapokwenda kupima. Msikiti wa wazee, wa tofali mbichi na baraza ya nguzo za mti. Birika la udhu lililopasuka. Juu ya mlango, mstari wa maandishi ya Kiarabu wenye mwaka wa Hijiria. Pembeni, chini ya mti, kijumba kidogo alimozikwa sheikh aliyeanzisha darsa hapo. Ninapofungua utepe kuelekea huko huambiwa: "Fundi, hicho usihangaike nacho, kinaondoka."

Ninachoomba ni hicho hicho kipimwe kabla hakijaondoka. Siombi ujenzi usimame. Siombi msikiti mbovu ubaki umesimama kwa sababu tu ni wa zamani, waumini wakiangukiwa na kenchi. Ila nimekaa nikifuatilia habari za makaburi ya mawalii yaliyovunjwa kule Timbuktu na kujengwa upya, na kila nikisoma namna yalivyojengwa najiuliza sisi tungeanzia wapi. Maana wale walivunjiwa na watu wenye bunduki. Sisi tunavunja wenyewe, kwa michango yetu, na bismillahi juu.

Niwaeleze habari yenyewe, kwani wengi wameisikia nusunusu.

Timbuktu iko Mali, pale jangwa la Sahara linapokaribiana na mto Niger. Ni mji wa udongo. Msikiti wake mkuu, Djingareyber, ulijengwa miaka ya 1320, baada ya Mansa Musa, mfalme wa Mali, kurudi kutoka Hija, na mpaka leo umesimama kwa tofali za matope. Mji huo wenyewe huuita mji wa mawalii 333. Makaburi ya baadhi yao yamejengewa, na 16 kati ya hayo yamo kwenye Orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO tangu 1988, pamoja na misikiti mitatu mikuu.

Msidhani ni majengo ya fahari. Ukiyaona kwenye picha unaweza kuyapita. Ni chumba kimoja cha mraba, kuta nene za udongo, paa bapa, mlango mfupi unaomlazimu mtu kuinama. Hakuna marumaru, hakuna vigae vya rangi. Kuzunguka chumba kuna makaburi ya watu wa kawaida, kwa kuwa kila mtu alitaka azikwe jirani na mja mwema. Sidi Mahmoud, ambaye kaburi lake liko kaskazini ya mji, alikuwa kadhi na mwanachuoni. Alifariki mwaka 1548. Kwa ukubwa, jengo lake lingeweza kukaa ndani ya uwanja wa msikiti wowote wa Mlandege, Iringa, au Sokomatola, Mbeya, na bado likaacha nafasi ya kuegesha pikipiki.

Ufundi wake uko mahali pengine. Jengo la udongo halimaliziki kujengwa. Mvua ikipita inakula ukuta, na watu wanarudi kuusiriba. Pale Timbuktu kazi hiyo ina wenyewe: koo za waashi, baba kwa mwana, kila ukoo una majengo yake ya kuyatunza. Siku ya kusiriba Djingareyber mji mzima hutoka, vijana wakibeba matope, wazee wakielekeza. Kwa hiyo ukuta unaouona leo si ule ule wa mwanzo, na hakuna anayeona tatizo. Kinachoendelea kuishi ni umbo, kipimo, na mkono unaojua udongo gani uchanganywe na nini. Naombeni mkumbuke jambo hili. Nitalirudia nikifika kwetu.

Mwaka 2012 makundi yenye silaha yaliuteka mji. Tarehe 28 Juni UNESCO iliuingiza kwenye orodha ya urithi ulio hatarini. Siku mbili baadaye watu walikwenda makaburini na majembe na sululu. Walianza na Sidi Mahmoud, wakaendelea. Tarehe 2 Julai waliuvunja mlango wa msikiti wa Sidi Yahia, mlango ambao wenyeji waliambiwa na wazee wao kwamba haufunguliwi mpaka mwisho wa dunia. Wataalamu walipofika mwaka uliofuata, mji ukiwa umekombolewa, walikuta makaburi 14 kati ya yale 16 yamebomolewa, na maandiko ya kale zaidi ya 4,000 yamepotea. Maandiko mengine, malaki, yalikuwa yameshatoroshwa na wenyeji kwenda Bamako, yamefichwa kwenye masanduku.

Mmoja wa walioongoza ubomoaji ule, Ahmad al-Faqi al-Mahdi, alifikishwa Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kule The Hague. Alikiri kosa. Tarehe 27 Septemba 2016 alihukumiwa miaka 9, na mwaka uliofuata mahakama ikapanga fidia ya euro milioni 2.7. Ilikuwa mara ya kwanza mahakama ile kumhukumu mtu kwa kosa la kubomoa urithi peke yake.

Basi, kujenga upya. Hapa ndipo mchora ramani anaposogeza kiti.

Kazi ilianza Machi 2014 kwa majengo mawili ya majaribio, na kufikia Julai 2015 yote 14 yalikuwa yamesimama. Fedha zilitoka nje kwa sehemu kubwa, lakini mikono ilikuwa ya waashi wa pale pale, wale wa zile koo. Na hawakuanza kwa kukisia. Walifukua kwanza. Chini ya kifusi walitafuta mguu wa ukuta wa zamani, wakaupima ulivyokwenda: urefu, upana, unene, mlango ulikuwa upande gani. Halafu wakachukua picha za zamani wakazilinganisha. Halafu wakakaa na wazee na familia zinazotunza kila kaburi, wakauliza: paa lilikuwa juu kiasi gani, dirisha lilikuwepo? Waliporidhika ndipo wakakanda udongo, wakaweka makapi ya mpunga, wakatumia na lile jiwe la huko wanaloliita alhor. Tarehe 4 Februari 2016 mji ulifanya hafla ya kuyaweka wakfu tena: wanyama walichinjwa alfajiri, Kurani ikasomwa, nyama ikaliwa na wote.

Hesabuni mashahidi waliowasaidia: mguu wa ukuta ardhini, picha, na watu wenye kumbukumbu na ufundi. Kila shahidi alisahihisha mwenzake. Mzee akisema mlango ulikuwa magharibi na msingi ukaonesha mashariki, wanaulizana tena.

Sasa njooni kwetu. Sisi tukibomoa, katapila linaingia na kung'oa mpaka msingi, maana ghorofa inataka nguzo za zege na mashimo yake. Shahidi wa kwanza ameondoka asubuhi moja. Picha? Ulizeni kamati yoyote picha ya msikiti wao wa zamani. Mtaletewa picha ya harusi, bwana harusi mbele katika kanzu, na nyuma ya bega lake kipande cha ukuta na nusu ya dirisha. Na mafundi wa udongo, wale waliojua kusiriba ukuta ukakaa misimu, wamezeeka au wamefariki, na vijana wao wanafyatua tofali za saruji. Sijui mtu anayeweza kuujenga upya msikiti mmojawapo wa zamani mjini hapa kama ulivyokuwa, hata mkimpa fedha zote za fidia ya The Hague.

Kuna msikiti mmoja, sitautaja wala mtaa wake, uliobomolewa nikiwa nimeshachora ule mpya. Niliomba siku moja ya kupima wa zamani. Niliambiwa katapila limeshalipiwa kwa siku na haliwezi kungoja. Leo msikiti mpya ni mzuri, una feni na mazulia, na vijana wanaoswali humo wakiuliza babu zao waliswali wapi huoneshwa sehemu ya kuegesha magari.

Wengine mtasema Timbuktu ni mbali, na ni udongo mtupu. Basi chukueni Samarra, Iraki, ambako kila kitu ni kinyume chake. Pale wamezikwa Imam Ali al-Hadi, aliyefariki 868, na mwanawe Hasan al-Askari, aliyefariki 874, maimamu wa kumi na wa kumi na moja kwa ndugu zetu Mashia Ithnaasheri. Kubba lake lilifunikwa vipande 72,000 vya dhahabu, kazi iliyokamilika mwaka 1905. Tarehe 22 Februari 2006 mabomu yaliliporomosha kubba. Tarehe 13 Juni 2007 yakaiangusha pia minara miwili iliyobaki. Likajengwa upya, dhahabu ikarudi. Tajiri na maskini wa majengo, mmoja dhahabu mwingine matope, wote wawili waliweza kurudi kwa kuwa umbo lao lilikuwa limehifadhiwa mahali nje ya jengo lenyewe. Samarra ilipigwa picha na kuchorwa na wageni na wenyeji kwa zaidi ya karne. Misikiti yetu nani ameichora?

Na hili lina sababu yake katika historia ya huku juu. Makanisa yetu ya zamani yana karatasi. Wamoraviani walifika Rungwe mwaka 1891, na wamisionari walikuwa watu wa kuandika: shajara, barua, hesabu za misumari, picha za kioo. Ukitaka kujua jengo la misheni lilijengwaje, kuna mahali pa kuanzia. Uislamu ulipanda nyanda hizi kwa njia nyingine. Ulikuja na misafara ya wafanyabiashara, na askari wa jeshi la Mjerumani waliotolewa Sudan na kwa Wamanyema, na makarani, washonaji, na baadaye wachimbaji waliokimbilia dhahabu ya Lupa, Chunya, miaka ya 1920 na 1930. Hao walijenga misikiti kwa mikono yao baada ya kazi. Hakuna aliyekuwa na ofisi Ulaya ya kupelekea ripoti. Jengo lenyewe ndilo karatasi pekee waliyotuachia.

Na sisi watu wa Iringa tunajua vizuri kinachotokea kumbukumbu ya ukuta ikibaki mikononi mwa aliyeubomoa. Ngome ya Mkwawa pale Kalenga ilikuwa na ukuta wa mawe na udongo uliowatisha Wajerumani. Waliupiga kwa mizinga Oktoba 1894, wakauvunja. Mkwawa mwenyewe alikufa Julai 1898 asikamatwe, na fuvu lake lilirudishwa 1954 likawekwa Kalenga, ambako leo watoto wa shule wanalitazama. Ukuta haukurudi. Mabaki yake ni machache, na sehemu kubwa ya tunachokijua juu yake, ukiacha simulizi za wazee, kiliandikwa na maofisa wa jeshi lile lile lililoubomoa. Wakati huo huo boma la Wajerumani mjini limetengenezwa, limekuwa makumbusho, nami nalipenda na huwapeleka wageni wangu. Lakini tusiwe watu ambao boma la Mjerumani linakarabatiwa na msikiti wa babu unasagwa kifusi cha kujazia barabara.

Nageukia sasa jambo ambalo masheikh zangu baadhi watakuwa wamelikunjia uso tangu mwanzo wa barua hii. Kujengea makaburi. Naijua hadithi ya Jabir katika Sahihi Muslim, kwamba Mtume (S.A.W.) alikataza kaburi kupakwa chokaa, kukaliwa, na kujengewa. Nawajua pia masheikh, hasa wa njia ya Kadiria, tarika ya Kisufi, waliosoma hadithi hiyo hiyo na bado wakafanya ziara kwa mashehe wao mwaka baada ya mwaka, Bagamoyo, Zanzibar na hata huku. Waliobomoa Timbuktu walisema wanatekeleza dini. Waliojenga upya ni Waislamu vilevile, na walifungua kazi yao kwa Kurani. Mjadala huu ni wa wenye elimu, nami si mmoja wao.

Lakini kupima si kujenga. Mchoro kwenye karatasi haukuzi kaburi wala haumwabudu mtu. Hata sheikh anayeona kijumba kile ni lazima kiondolewe hana hoja ya kidini ya kuzuia kisipigwe picha kwanza. Kwa hiyo msiniweke upande wowote. Anayetaka kukitunza atahitaji vipimo, na anayetaka kukiondoa ana deni la kuacha habari yake.

Kuhusu sheria nitasema kwa ufupi. Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964, Sura ya 333, inalinda moja kwa moja majengo na vitu vilivyotengenezwa kabla ya mwaka 1863. Mwaka huo unaifaa pwani. Kilwa Kisiwani, kwa mfano, yenye msikiti mkuu wa matumbawe uliopanuliwa karne ya 14, iliingia Orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1981, ikawekwa hatarini 2004, ikatunzwa kwa chokaa na boriti kama zilivyotumika zamani, na ikatolewa kwenye hatari 2014. Kazi nzuri, na waliofanya wanastahili sifa. Lakini huku juu, msikiti wa tofali uliojengwa zama za Mjerumani au Mwingereza haufiki 1863 hata ukipanda juu ya mlima Rungwe kuutafuta. Waziri anaweza kuutangaza kwa hiari yake, ndiyo. Bila tangazo hilo, ulinzi wake uko mikononi mwa kamati ya msikiti na ofisi inayotoa kibali cha ujenzi. Ndiyo maana barua hii imeandikwa kwenu.

Na kibali ndicho ninachokiendea. Leo mtu akiomba kujenga, halmashauri inadai ramani ya jengo jipya, nakala kadhaa, zimegongwa mihuri. Ongezeni karatasi moja. Kama kiwanjani kuna jengo la ibada au kaburi lililojengewa lenye umri wa miaka 50 au zaidi, kibali kisitoke mpaka pawepo na ramani ya jengo lililopo. Nimesema 50 kwa sababu mtu aliyebeba matope akiwa kijana wakati huo bado anaweza kupatikana akaulizwa. Mkisema 100, mtabaki na jengo na hamtakuwa na shahidi.

Najua swali la kwanza litakuwa la fedha, kwa hiyo nieleze kazi yenyewe. Msikiti mdogo wa zamani watu watatu wanaumaliza kwa siku moja au mbili. Vifaa ni utepe wa mita 30, timazi, pima maji, kamba, dira, karatasi na simu yenye kamera. Unapima kila chumba pande zake nne, halafu pembe kwa pembe, maana majengo ya zamani mara chache yana kona za nyuzi 90, na ukipima pande tu utachora chumba ambacho hakikuwepo. Unapima unene wa ukuta dirishani. Unahesabu mistari ya tofali katika mita moja ya kimo, na unapima tofali lenyewe, kwa sababu kila fundi alikuwa na kalibu yake na kalibu ndiyo saini yake. Picha zinapigwa rula ikiwa ndani ya picha. Maandishi ya juu ya mlango yanapigwa jua likiwa la ubavuni, asubuhi au jioni, ili herufi zitoe kivuli zisomeke. Kisha unachukua udongo kidogo wa ukuta, unautia kwenye chupa ya mdomo mpana na maji, unatikisa, unaacha mpaka kesho: mchanga umetua chini, tope laini juu yake, mfinyanzi juu kabisa. Unapima kila tabaka kwa rula na unaandika. Hapo umeshajua mapishi ya babu yako, bila maabara yoyote.

Kuna kipimo kimoja ninachokipenda kuliko vyote, nacho ni kibla. Kutoka Iringa, Makka iko karibu nyuzi 8 mashariki ya kaskazini. Kutoka Mbeya ni karibu 12. Msikiti wa leo tunauelekeza kwa simu. Wazee walielekeza kwa jua, nyota na maelezo ya waliotoka pwani. Ukiweka dira kwenye mihrabu ya zamani ukakuta imepotoka kidogo, usicheke. Msikiti ulionyooka sawa na wa mji fulani wa pwani unaweza kukudokezea aliyeujenga alitoka wapi na alijifunza kibla kwa nani. Habari hiyo haiko kwenye kitabu chochote. Iko kwenye pembe ya ukuta, na ukuta ukivunjwa imekwenda.

Nakala tatu zinatosha: moja kwa kamati ya msikiti, moja ofisi ya ardhi ya halmashauri, moja maktaba ya mkoa au makumbusho, mahali ambapo mwanafunzi anaweza kuomba akaoneshwa. Pamoja na mchoro kuwe na kurasa mbili za maneno ya wazee: nani alijenga, nani alitoa kiwanja, tofali zilitoka bonde gani, mbao zilipasuliwa wapi. Mzee anayezungumza atajwe na aridhie kuandikwa.

Niongeze na hili, ingawa haliko katika ombi langu, kwa sababu ninaliona kila wiki. Kamati ambazo hazibomoi hufanya jingine: hupiga plasta ya saruji juu ya ukuta wa udongo, "uwe wa kisasa". Msifanye hivyo. Ukuta wa udongo unavuta unyevu na kuutoa. Saruji inaufungia ndani. Kwa miaka michache unapendeza, halafu plasta inaanza kuita ukiigonga kwa kidole, halafu inadondoka vipande vikubwa na nyuma yake udongo umekuwa ugali. Kwa Tukuyu, kunakonyesha karibu mwaka mzima, uharibifu huo unakuja haraka zaidi. Siribeni kwa udongo, au chokaa kwa anayeipata, ongezeni upana wa paa ili maji yadondoke mbali na ukuta, na zibueni mifereji. Ni rahisi kuliko saruji, na hata Wahehe waliokaa kwenye tembe za paa la udongo walijua kuwa adui ni maji yanayotuama.

Najua pia mtakachoambiwa na baadhi ya wajumbe: kwamba wachora ramani tunatafuta kazi. Sawa. Basi ya kwanza ifanyike bila malipo. Mimi na vijana wawili ninaowafundisha tuko tayari kupima msikiti wowote wa zamani ndani ya Manispaa ya Iringa, na kaburi lake kama lipo, kwa gharama zetu, mradi kamati ikubali na tupewe siku mbili kabla katapila halijaja. Vyuo vyetu vya ufundi Iringa na Mbeya vina wanafunzi wanaohitaji mazoezi ya upimaji kila mwaka. Wapelekwe huko badala ya kupima bweni lao wenyewe mara ya tano. Maafisa wa Mambo ya Kale, nyinyi tunaomba fomu moja ya kujaza, ili vipimo vya Iringa na vya Rungwe vilingane na mtu aweze kuvisoma kwa pamoja.

Tunachokikosa ni barua ya utambulisho kutoka ofisi zenu. Bila hiyo, mtu mwenye utepe akionekana makaburini jioni anaulizwa maswali, na ni haki aulizwe. Kabla ya mvua za mwaka huu kuna angalau misikiti miwili ninayoijua ambayo kamati zake zimeshachangisha za kuanzia. Viongozi wake nimeshazungumza nao na hawana pingamizi. Wanasema wanangoja neno la Manispaa na la sheikh wa mkoa.

Wasalaam,

Mchora ramani, Mlandege, Iringa